Kamba na Vigingi Nyamasenge

Tangu nirudi Bukoba, kila anayeingia kwa mama ananiuliza swali lile lile: Paskazia, ulikwama wapi huko Uzinza hata ukakosa arusi ya mdogo wako? Nimejibu vipandevipande, huyu nikimpa kichwa, yule mkia, na sasa nasikia zimeshazuka hadithi ambazo hata mimi sizijui. Moja inasema nilizama kwenye kinamasi hadi kifuani nikavutwa kwa ng'ombe. Si kweli. Ilikuwa magotini tu, na ng'ombe hawakuhusika. Basi naandika yote mara moja, asomaye amsimulie mwenzake, nami niachwe ninywe chai yangu.

Kwanza mjue nilifuata nini. Kazi yangu ni kuchimba mahali walipokaa watu wa zamani, na katika kazi hiyo nimejichagulia sehemu ambayo wenzangu hawaitaki: ukingo wa maji. Nilianzia pwani, kwenye magofu ya mawe. Wenzangu walipokuwa wakigombea misikiti na makaburi yenye nakshi, mimi nilishuka kwenye mikoko kutafuta walikoegesha vyombo vyao. Matope yana sifa moja: kisichopata hewa hakiozi. Mti, kamba, kikapu, hata mbegu ya boga, vyote hukaa humo vikimsubiri mtu mwenye subira. Ofisini Dar es Salaam wananiita Bi Matope. Mkuu wangu aliwahi kuniambia mbele ya watu kwamba ziwani hakuna cha kuchimba, maana watu wa ziwani walijenga kwa miti na nyasi, na miti na nyasi havina historia. Mimi ni mtu wa ziwani. Nilimjibu kwa heshima kwamba nitamletea hiyo historia mezani, na tangu siku hiyo nilikuwa naitafuta.

Nikiwa Mwanza kwa shughuli nyingine, bwana shamba mmoja alinipitia na kifurushi. Alisema kijiji kipya cha Nyamasenge, ng'ambo ya ghuba, kinachimba mtaro wa kukausha kinamasi ili kipate mashamba ya mpunga, na majembe yamegonga nguzo nyingi zilizosimama wima ndani ya matope. Alinikatia kipande cha moja. Kwa wema wake alikianika juu ya bati kwanza, kisije kikanichafulia meza. Kilichonifikia kilikuwa kimejikunja na kupasuka, ukikigusa kinamomonyoka, lakini upande mmoja alama za shoka zilikuwa bado zinaonekana. Nilimwuliza mtaro unafunguliwa lini. Akasema Jumamosi, wakubwa wa wilaya wanakuja kushuhudia.

Hiyo ilikuwa Jumatatu. Maji yakishatoka, nguzo zote zingefanana na kile kipande mkononi mwangu. Ilikuwa lazima nizikute zikiwa bado zimelowa, nizichore mahali pale pale ziliposimama, la sivyo mkuu wangu angekuwa amesema kweli.

Mwanza hadi Kigongo

Niliondoka alfajiri ya Jumanne nikiwa na furushi la kamba, vigingi, futi, mwiko wa fundi na karatasi za kuchorea. Basi lilituteremsha Kigongo kabla jua halijakolea, na hapo ndipo haraka yangu ilipokutana na ziwa.

Usiku upepo ulikuwa umesukuma kisiwa cha mafunjo, kile kinachoelea, kikaja kujibanza kwenye gati. Kilikuwa kikubwa kuliko kiwanja cha mpira, kijani kibichi, na juu yake korongo wawili wametulia. Pantoni ilikuwa upande wa Busisi na haikuwa na pa kutia nanga kwetu. Vijana walikuwa wameingia majini na mapanga wakikikata vipande, wakivuta kipande kimoja, upepo unarudisha viwili.

Watu wa Kigongo hawakuona cha ajabu. Walitandika mikeka. Mimi nilikuwa nikitembea huku na huku hadi mama mmoja muuza chai akaniita.

"Dada, hilo jani haliogopi mtu anayetembea. Njoo ukae."

Nikakaa. Sukari haikuwepo, kama mnavyojua ilivyo siku hizi, kwa hiyo chai aliiuza pamoja na michembe. Unatafuna kiazi kikavu, unashushia chai, utamu unautafuta mwenyewe katikati. Baada ya kikombe cha pili nilizoea. Baada ya cha tatu nilianza kuona kwamba sukari inapoteza ladha ya chai, jambo ambalo mama yangu amelikataa kabisa.

Hapo ndipo nilipofahamiana na Athumani, dereva wa lori lililokuwa linarudi Sengerema tupu kuchukua pamba. Athumani ni mtoto wa mjini Mwanza, babu yake alitoka Tabora, bibi yake Ukerewe, na maneno yake yanatoka Dar es Salaam kila wiki yakiwa mapya. Alitazama furushi langu, akatazama mwiko.

"Sista, wewe fundi uashi?"

Nikamweleza kazi yangu. Alisikiliza vizuri sana, kisha akasogea karibu na kushusha sauti.

"Sema kweli. Wajerumani waliacha mali gani kule?"

"Hawakuacha kitu. Natafuta nguzo za miti."

"Nguzo," akasema, akatabasamu kama mtu aliyeaminiwa siri. "Sawa. Mimi nitakubeba. Ukizipata hizo nguzo, usinisahau."

Siku ile hatukuvuka. Hadi jioni kisiwa kilikuwa kimepungua robo. Nililala kwa yule mama wa chai, na Jumatano saa nne asubuhi upepo ukageuka wenyewe, kisiwa kikaondoka taratibu na korongo wake, kikawaacha vijana na mapanga yao wamesimama majini.

Busisi hadi njia panda

Barabara ya Busisi na Sengerema mnaijua. Athumani aliendesha akiimba, akinyamaza tu kwenye mashimo makubwa. Kila aliyempa lifti alinitambulisha kwake kwa jina la "mtaalamu", na kila mmoja aliposhuka alinitazama kwa makini. Tulipotoboa gurudumu, mzee mmoja alikuja na jembe lake akaniuliza kwa faragha kama chuma cha Mjerumani huliwa na kutu. Nikamwambia chuma chochote huliwa na kutu. Akaondoka amehuzunika.

Athumani angeweza kuniacha Sengerema akaendelea na pamba yake. Alipiga hesabu kichwani, akakuna shingo, akanipeleka mbele zaidi hadi njia panda inayoshuka ziwani. Pale chini ya kibanda cha nyasi alikuwepo mama mmoja mrefu, mwembamba, ana gunia dogo la chumvi, anarejea kijijini. Ndiye Mama Nyamizi, ambaye mtamsikia sana. Athumani alitaka nipokelewe vizuri, na kwa nia njema kabisa akamwambia:

"Mama, shikamoo. Huyu dada ni wa serikali, amekuja kupima. Mfikisheni salama."

"Marahaba," akajibu Mama Nyamizi. Alitazama furushi langu, akaona vichwa vya vigingi vimechomoza, akaona kamba. Akajitwika chumvi yake akatangulia.

Kwa miguu hadi Nyamasenge

Mama Nyamizi ana umri wa mama yangu na mwendo wa mbuzi. Nilimkimbilia nyuma njia nzima, kupitia mashamba ya muhogo, kisha mawe makubwa ya Uzinza, kisha mteremko ambao ziwa linaonekana kwa mara ya kwanza, jeupe kwa jua. Nilijaribu mazungumzo. Nikauliza watoto wangapi, akasema Mungu amejalia. Nikauliza mvua, akasema inategemea. Nikajiambia labda ni mtu wa maneno machache. Baadaye nilijua kuwa Mama Nyamizi akianza kusema hata kuku hulala wakamwacha. Njia ile alikuwa kimya kwa sababu alikuwa anafikiri.

Kijiji kilikuwa kimenyooka kwa mistari, nyumba mbele ya nyumba, kama vijiji vyote vya operesheni. Shule ilikuwa mpya, na ukutani chokaa ilikuwa haijakauka. Mwenyekiti alikuja kunipokea akiwa na matope hadi mapajani, maana alikuwa mtaroni na watu wake. Ndugu Malimi ni Msukuma, kifua kipana, sauti ya mtu aliyezoea kusikika ng'ambo ya shamba. Alinikaribisha vizuri.

"Ndugu Paskazia, leo pumzika. Mgeni siku mbili, ya tatu ndiyo tunampa jembe."

"Mwenyekiti, nipe jembe leo. Siku ya tatu ni Ijumaa, na Jumamosi mnafungua maji."

Akacheka. Akasema Wahaya wana haraka. Chakula kililetwa, ugali wa muhogo na samaki, kamongo wa mchuzi mzito. Kwetu wanawake wa rika la bibi yangu hawakumgusa kamongo, na mama yangu anaposoma hapa namwomba aruke mstari: nilimla, nikaramba kidole. Kisha nikashuka mtaroni.

Jamani, nguzo zilikuwepo. Ukuta mmoja wa mtaro ulikuwa umezikata zikabaki zimetokeza, nyeusi, zimelowa, kila moja imechongwa ncha. Zilikwenda kwa safu mbili kuelekea majini. Kati ya moja na nyingine kulikuwa na fito zilizosukwa, na kwenye fito moja niliona fundo la kamba ya magome, halijafunguka tangu mtu alipolikaza. Niliweka kidole juu yake na machozi yakanitoka. Sioni aibu kusema. Nilikuwa nimeambiwa miaka yote kwamba kitu hiki hakipo.

Kabla jua halijatua nilikuwa nimepigilia vigingi vyangu na kuvuta kamba, nikagawa eneo lote la ukingo katika miraba iliyonyooka. Ndivyo tunavyofanya, ili kila kitu kinachotoka kijulikane kilikaa mraba gani. Watu walisimama mbali wakitazama. Niliwapungia mkono, na hakuna aliyejibu. Nikadhani wamechoka. Nililala kwa Mama Nyamizi nimeridhika, nikawa kama gogo.

Mtaroni

Asubuhi ya Alhamisi nilishuka na karatasi zangu nikasimama.

Miraba yangu yote ilikuwa na watu. Katika wa kwanza babu mmoja alikuwa amekaa kwenye kigoda chake, fimbo kati ya magoti. Katika wa pili kulikuwa na mafiga matatu, chungu juu, na uji ulikuwa unachemka. Familia moja ilikuwa imekata minyaa na kuipanda kwa mstari safi, sawasawa na kamba yangu, ua tayari. Mbuzi alikuwa amefungwa kwenye kigingi changu cha pembeni, kile ninachotegemea kwa vipimo vyote, naye alikuwa amekizunguka hadi kikalala. Chini ya miguu yao, kina cha mkono mmoja, zilikuwa nguzo zangu.

Nilitukana kwa Kihaya. Bahati nzuri hawakuelewa. Kisha nikawaomba watoke, kisha nikawaamuru, na hakuna aliyeinuka. Mama Nyamizi alikuwa katika mraba mzuri kuliko yote, karibu na njia, amekwisha kufagia.

"Mama, mnafanya nini?"

"Tunakaa," akasema. "Dada, mimi sina ugomvi na wewe, wewe umetumwa. Tulipotolewa Lwabiti, vilipigwa vigingi hivi hivi, ikavutwa kamba hii hii. Waliowahi walipata kiwanja kizuri. Mimi nilibaki nyuma kuvuna mtama wangu. Nilipofika nikapewa kule kwenye mawe, hata choo hakichimbiki. Kama mnatuhamisha tena, sawa, mtuhamishe. Lakini safari hii sichelewi."

Hapo ndipo nilipoelewa ukimya wa njia nzima, na watu wasiopunga mkono. Hasira ilinitoka, lakini woga haukunitoka, maana hesabu ya siku haikubadilika. Kabla sijajibu Ndugu Malimi alifika mbio.

"Nani kasema mnahama? Mimi ni mwenyekiti wenu, nisijue?"

"Hata ile mara ya kwanza," akasema babu wa kigoda bila kuinuka, "ulijua wewe kabla yetu."

Kikawa kikao pale pale, watu wamekaa kila mmoja katika mraba wake, hakuna aliyethubutu kuuacha. Niliwaonyesha nguzo. Nikawaeleza kwamba wapo watu waliokaa pale zamani sana, juu ya maji, na kamba yangu inapima walipokaa wao, si watakapokaa wengine. Nikawaambia mtaro ukifunguliwa nguzo zitakauka na kupasuka, na baada ya hapo hata mimi nikisema zilikuwepo sitaaminiwa.

"Ni wa nani hao?" akauliza kijana mmoja. "Wazinza? Wakerewe?"

"Sijui. Hawakuacha majina."

Mama Nyamizi akasimama, akijifunga kanga upya.

"Mimi sikatai kijiji. Shule iko karibu, zahanati iko karibu, mjukuu wangu anasoma. Hilo nasema mbele ya mwenyekiti. Lakini Lwabiti nilizaa watoto sita nikazika wawili, na hakuna mtu aliyekuja na kamba akapima nilikaa wapi. Hawa wasio na jina wamepata mpimaji kutoka Dar es Salaam. Utatupimia na sisi?"

Niliuliza Lwabiti iko wapi. Wakanionyesha rasi ng'ambo ya ghuba ndogo, mwendo wa mtumbwi, pori tupu.

"Nitawapimia," nikasema. "Nipeni nguzo zangu kwanza."

Ndugu Malimi hakupenda. Alisema Lwabiti ni mahame sasa, kwamba watu wakitazama nyuma mpunga hauoti. Alisema vizuri, kwa maneno ya mikutano, lakini alikuwa akitazama viatu vyake. Mwishoni akakubali kwa sharti moja: Jumamosi haisogei.

Na sasa sikilizeni jambo ambalo sijawahi kuliona katika kazi yangu yote. Nilipowaomba wahame ili nianze kuchimba, walikataa. Kila aliyeshika mraba alisema huu ni wake na atauchimba mwenyewe. Kwanza niliona kichwa kinauma. Pwani nilifundisha vibarua wiki nzima kabla ya kuwapa mwiko. Lakini muda ulikuwa unaniponyoka, na mikono ilikuwa mingi. Nikawafundisha papo hapo: majembe pembeni, tunatumia vidole, ukikuta mti usiuvute, kila uliochimbuliwa unamwagiwa maji na kufunikwa majani mabichi ya mgomba. Vibuyu na ndoo vikaja. Muda si muda miraba ilianza kushindana. Wasukuma hawawezi kulima kimya, na hawawezi kulima bila kushindana. Upande wa minyaa ulitunga wimbo wa kuucheka upande wa mafiga, upande wa mafiga ukajibu, na ngoma ikatoka sijui wapi. Nami nikienda nimepiga magoti kutoka mraba hadi mraba, nachora, nina tope hadi nyusi. Aliyeshika mraba hakuruhusu jirani aguse hata jani la mgomba lililofunika nguzo zake. Nimekuwa na walinzi wa magofu wenye sare na bunduki, sijapata kuwa na walinzi kama wale.

Hadi Ijumaa jioni tulikuwa tumeufuata ule mstari wa safu mbili za nguzo, njia ya kupita watu, hadi ulipoishia. Uliishia kwenye duara. Nguzo nene, zimezunguka, na katikati bamba la udongo uliochomeka ambapo moto uliwashwa. Ilikuwa nyumba. Mtu alijenga nyumba ya msonge juu ya maji ya Nyanza, akaweka jiko lake, akatembea nyumbani kwake juu ya fito. Mama Nyamizi alikaa kwenye ukingo akaitazama muda mrefu.

"Mlango ulikuwa huku," akasema, akionyesha pengo kati ya nguzo mbili. Kisha akacheka. "Na mwanamke aliyekaa hapa alichoka kufagia majani."

Robo ya duara ilikuwa chini ya lundo la udongo wa mtaro na sikuipata. Inaniuma hadi sasa. Zile robo tatu ninazo, kila nguzo kwa mahali pake.

Jumamosi wakubwa walikuja, hotuba zikatolewa, Ndugu Malimi akapewa jembe la kwanza, tuta likakatwa. Maji yalitoka kwa kishindo na watu wakashangilia, nami nilishangilia pia, maana niliwaona walivyochimba. Hadi alasiri nguzo zilikuwa zimeanza kupata rangi ya majivu. Sikukaa kuzitazama.

Afisa mmoja, mtu mwungwana, alinipa nafasi katika Land Rover hadi Busisi. Ningelala Mwanza, ningepanda meli ya Jumapili, ningefika arusini na siku moja ya akiba. Nilikwenda kuchukua furushi langu. Mama Nyamizi alikuwa ananifungia michembe ya safari katika kitambaa na hakusema neno lolote kuhusu Lwabiti. Aliniambia tu niwasalimie nyumbani. Nadhani alikuwa amezoea watu wa serikali kuondoka. Nikarudi kwenye Land Rover nikamwambia afisa asante, aende. Mdogo wangu, ukisoma hapa, ujue nilikufikiria. Lakini ahadi ni deni, na waliochimba kwa vidole vyao walishatimiza upande wao.

Kwa mtumbwi hadi Lwabiti

Tulivuka Jumapili kwa mitumbwi, wengi kuliko nilivyotarajia, wazee wamebebwa, na Ndugu Malimi alikuja wa mwisho. Alikaa nyuma akapiga kasia, hakumtazama mtu.

Mahame ni kitu ninachokijua. Nimeyasoma, nimeyachimba. Haya yalikuwa tofauti kwa sababu wenyewe walikuwa nyuma yangu. Nyasi zilikuwa zimepita kichwa, lakini nyua za minyaa zilikuwa bado hai, zimezunguka hewa tupu. Mawe ya kusagia yalikuwa pale pale, maana hakuna aliyeweza kuyabeba. Watu walishuka wakatawanyika bila kuelekezwa, kila mmoja akikata nyasi kwenda mahali anapopajua, na wakasimama. Nilipoinua kichwa kijiji kilikuwa kimerudi, kimesimama kwa miguu ya watu wake, si kwa mistari bali kwa vikundi, ndugu na ndugu, njia zikipinda kufuata mawe.

Nilivuta kamba. Vigingi vyangu viliisha mapema, wakakata vingine kwenye minyaa. Mama Nyamizi alinionyesha mlango, ghala, jiwe lake la kusagia, na mahali pa makaburi mawili madogo. Nikachora kila kitu, kwa vipimo vile vile nilivyochora nguzo. Nyumba nyingi zilikuwa zimebomolewa kwa mikono, na miti yake ilivukishwa kwenda Nyamasenge. Jua lilipoanza kuinama tulikuwa tumebakiza moja, pembeni kabisa, na mtu hakuwa amesimama hapo.

Nilikata nyasi nikakuta udongo mwekundu, mgumu, umechomeka, na makaa. Kazi yangu imenifundisha alama hiyo. Nyumba hii haikubomolewa.

"Hii iliungua," nikasema. "Ya nani?"

Ndugu Malimi alikuwa amekaribia.

"Niliichoma mimi," akasema. "Watu walisitasita. Nikaona nikianza na yangu wataona sitanii. Mama yangu nilimtoa nje nikamkalisha pale kwenye jiwe. Alitazama hadi paa likaanguka. Hakufikisha mvua ya pili kule Nyamasenge." Alifuta uso kwa kiganja. "Utaandika nini?"

"Ninachokiona. Nyumba ya msonge, imeungua."

"Weka na jina."

Nilimwambia ukweli, kwamba kwenye ramani zangu hakuna majina, kwamba nyumba zote nilizochora maishani mwangu sikujua hata moja ilikuwa ya nani.

"Hii unaijua," akasema. "Usiweke langu. Weka la mama. Kabula, mke wa Masanja."

Niliandika, herufi kubwa, katikati ya duara. Alikuja akasimama begani kwangu akalisoma, akalisoma tena kwa sauti. Watu walikuwa wamesogea. Walipolisikia waligeuka mmoja mmoja, bila kuambiana, wakarudi kupitia nyasi hadi kwenye milango yao wakasimama tena wakinisubiri. Nikachonga penseli, nikarudi kuanzia nyumba ya kwanza.